Riungu Hakuanguka Mtini

Nyinyi mnaoishi kando ya barabara ya lami, wekeni kazi chini kidogo mnisikilize. Habari hii ni ya boma moja huko upande wa Mikinduri, kwa Wameru, boma la watu wa kanisa, wenye shamba la miraa, ng'ombe wawili wa maziwa na maelewano ambayo majirani waliyatamani.

Asubuhi ya Jumanne hiyo Kagure alikuwa ameketi uani akifunga mabunda ya miraa kwa majani ya mgomba. Alikuwa ameolewa kutoka Gachoka, upande wa Embu, miaka kumi na mitano iliyopita. Alipoletwa hakujua hata kushika kijiti cha miraa, lakini sasa vidole vyake vilikuwa vyepesi kuliko vya mama mkwe wake, na mama mkwe huyo, Kinya, alilikubali jambo hilo mbele za watu. Ni wakwe wachache wa kukubali hivyo. Riungu, mume wake, alikuwa juu ya miti tangu alfajiri. Sasa ameshuka, ameketi juu ya debe lililopinduliwa, anakunywa uji.

"Mama Bundi, funga upesi," alisema, akimwita kwa jina la kifungua mimba wao. "Kirimi akija na gari hangoji mtu."

"Si ni ndugu yako? Mwambie angoje."

"Huyo? Akishika usukani hata mama aliyemzaa hamjui."

"Nimesikia!" Kinya alipaza sauti kutoka jikoni. "Nikimkamata nitamchapa kwa mwiko, na hizo ndevu zake tatu!"

Wakacheka wote watatu. Ilikuwa mara ya mwisho kucheka pamoja.

Kwa asiyejua miraa, vijiti vile vya kutafuna vinavyochangamsha, nieleze kidogo. Ikichumwa leo ni lazima ifike Nairobi leo. Ikilala inakauka, na ikikauka hata mbuzi huitazama na kuondoka. Ndiyo maana pikapu zinazoibeba hukimbia kama zimeiba. Kirimi, mdogo wake Riungu, alikuwa dereva wa pikapu ya Mzee Mbaabu, mzee wa kanisa na mtu wa kuheshimika, ambaye gari lake ndilo lililobeba miraa ya kijiji kizima.

Saa tano na nusu watu kama ishirini walikuwa barabarani wakingoja, kila mmoja na mabunda yake miguuni. Riungu alikuwa amebakisha bunda moja ng'ambo ya pili. Akavuka kulichukua. Alipokuwa anarudi, honi ikalia kwenye kona. Watu wa huko wanajua kwamba honi ya gari la miraa haimwambii mtu ajihadhari. Inamwambia kwamba dereva hasimami.

Kirimi alikuwa amechelewa. Alikuwa akilipita trekta la majani chai kwenye kona, mahali ambapo hata mlevi hathubutu. Pikapu ilimpiga Riungu ubavu wa kushoto, ikamrusha juu ya boneti, ikamtupa kwenye changarawe. Bunda la miraa alikuwa bado amelikumbatia.

Kagure alifika mbio. Mguu wa mume wake ulikuwa umepinda chini ya goti, mahali pasipo na kiungo. Kirimi alikuwa amekaa chini kando ya gurudumu, mikono kichwani, akiita, "Kaka, kaka, kaka." Mzee Mbaabu alishuka upande wa pili wa gari. Aliutazama mguu, akaitazama saa, kisha akayatazama mabunda.

"Sikieni," alisema, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayeomba kanisani. "Polisi wakifika, gari hili halitoki hapa siku tatu. Ni miraa ya nani itakayobaki mbichi? Na huyu kijana atalala ndani leo."

Kila mtu aliangalia mabunda yake.

"Mchumaji wa miraa akianguka mtini, nani atashangaa? Riungu ameanguka mtini."

"Amegongwa!" Kagure alipiga kelele. "Watu wote wameona!"

"Nani ameona?" Mbaabu aliuliza, akawageukia mmoja mmoja. Mmoja alifunga kamba ya viatu. Mwingine alikohoa.

Kinya, aliyekuja mbio nyuma ya Kagure, alikuwa amepiga magoti kati ya wanawe wawili, akimtazama huyu, akimtazama yule. "Mwanangu," alimwambia Kagure, "mmoja ameumia. Tusiumize wawili."

Kisha Riungu mwenyewe, meno yakigongana kwa maumivu, alisema, "Sema ni mti, Mama Bundi. Kirimi bado ni mtoto."

Basi wakamwosha. Walileta maji ya mtungi, wakaondoa changarawe kwenye mgongo na viwiko, wakamvua shati lililochanika, wakamvisha la mtu mwingine. Boneti waliifuta damu kwa majani ya mgomba. Kabla ya kumpakia kwenye gari lake dogo la nyumbani, Mbaabu alimvuta Kagure pembeni.

"Useme ni tawi la chini. Kimo cha mtu tu. Ukisema juu sana watampeleka hospitali kubwa ya Meru kwenye mashine za picha, na Meru kuna maswali mengi. Mguu ni mguu, utafungwa plasta. Gharama zote ni zangu."

Pikapu ikaondoka na miraa. Dereva mwingine aliishika, na ilifika Nairobi kwa wakati.

Hospitalini daktari aliuliza, "Nini kilimpata?" Kagure akajibu, "Ameanguka mtini. Tawi la chini." Daktari akaandika. Alikuwa na wagonjwa arobaini nje ya mlango, na wachumaji wanaoanguka huwaona kila wiki. Aliushughulikia mguu. Kagure akaweka kidole gumba kwenye fomu, na Riungu akapewa kitanda.

Sasa nieleze kazi moja ambayo wengi wetu hatujui kama ipo. Katika kila hospitali kuna chumba cha mafaili, na ndani yake kuna mtu anayesoma faili la kila mgonjwa na kuligeuza kuwa namba. Kila jeraha hupewa namba mbili: ya kwanza inaeleza kilichovunjika, ya pili inaeleza kilichovunja. Aliyeanguka kutoka mtini ana namba yake, W14. Anayetembea kwa miguu akagongwa na gari dogo au pikapu ana yake, V03. Namba hizo hukusanywa na kupelekwa mbele, na kwa namba hizo watu wakubwa hujua kinachotuua na mahali kinapotuulia.

Katika hospitali hiyo, ambayo sitaitaja, mwenye kazi hiyo alikuwa mwanamke anayeitwa Lydiah. Siku ya Alhamisi alifungua faili la Riungu, akaanza kuandika W, akasimamisha kalamu. Mifupa miwili ya mguu wa kushoto ilikuwa imevunjwa kutoka upande, kimo cha bampa. Muuguzi aliyebadilisha shuka alikuwa ameandika kwamba mgongoni kuna michubuko yenye changarawe. Lydiah akalichukua faili, akapanda wodini.

Alimkuta Kagure pamoja na Mzee Mbaabu, ambaye alikuwa ameleta uji kwenye chupa ya chai.

"Mama, mimi natoka chumba cha mafaili," Lydiah alisema. "Nisaidie jambo moja. Mti huo uko wapi?"

"Shambani."

"Chini yake kuna nini?"

"Majani. Udongo."

"Changarawe imetoka wapi? Miti haina changarawe."

Kabla Kagure hajajibu, Mbaabu alicheka. "Madam, wewe si wa hapa. Ni wa wapi?"

"Gachoka."

"Ndiyo nasema! Nyinyi wa Mbeere mnajua mbuzi. Miraa mnaiona gazetini. Mwachie mama huyu amuuguze bwana yake."

Lydiah alimgeuzia mgongo. Alisikia jinsi Kagure alivyotamka neno "udongo", akajua ametoka wapi. Akamwinamia, akasema naye kwa Kiembu cha kwao, polepole, lugha ambayo Kagure hakuwa ameisikia wodini hapo hata mara moja.

"Dada, mimi si polisi. Lakini nikiandika mti, daktari atatibu mti. Kama ni gari, kuna vitu ndani ya tumbo anavyopaswa kuvitafuta, na hatavitafuta kama hajui. Niambie sasa."

Ndugu msomaji, ningependa kukuambia kwamba alisema. Neno lilifika hadi kwenye meno. Lakini Mbaabu, ambaye hakuelewa Kiembu vizuri ila alielewa nyuso, alikifunga kifuniko cha chupa taratibu, akasema, "Mama Bundi, Kinya anakusalimu. Amesema jana Kirimi hakula."

"Ni mti," Kagure alisema. "Tawi la chini."

Lydiah alilifunga faili. "Haya. Nitaandika ulivyosema. Ukikumbuka vingine, mlango wangu ni wa mwisho, baada ya maabara. Njoo saa yoyote."

Akaenda, akaandika W14.

Ijumaa Riungu aliamka amechangamka, akamtania muuguzi kwamba kwa plasta hiyo angebaki chini ya miti, kazi yake kufukuza nyani. Jumamosi hakutania. Alisema bega la kushoto linamuuma.

"Umelilalia," Kagure alimwambia.

"Sikulilalia. Linauma kutoka ndani. Na nina kiu."

Uso wake ulikuwa na rangi ya majivu. Kagure alisimama, akatoka wodini, akapita maabara. Aliuona mlango wa mwisho. Ulikuwa wazi, na Lydiah alikuwa ndani ameinamia meza. Zilibaki hatua kumi hivi. Wakati huo Kirimi alitokea kwenye ushoroba na mfuko wa machungwa. Alikuwa amekonda kwa siku nne kama mtu aliyeugua mwezi. Alimshika mkono.

"Shemeji, unaenda kusema?"

"Kaka yako hali yake imebadilika."

"Ni plasta inabana. Mzee amesema ni plasta." Machozi yalimtoka. "Shemeji, nikifungwa mama atakufa. Ngoja kesho. Kesho kama bado, nitasema mimi mwenyewe, kwa kinywa changu."

Kagure aliutazama mlango ule. Akageuka, wakarudi pamoja. Kirimi akamenya machungwa, na Riungu akala vipande viwili kwa ajili ya kumfurahisha mdogo wake.

Jumapili, watu wakiwa kanisani, Riungu alikufa.

Walipompasua walikuta tumbo limejaa damu. Bandama ilikuwa imepasuka siku ya Jumanne, ikavuja kidogo kidogo ndani ya ngozi yake yenyewe, ikangoja siku tano, halafu ikaachia yote. Daktari alimwita Kagure.

"Mama, tawi la chini halifanyi hivi. Nieleze."

Hapo ndipo alipoeleza. Alieleza yote, kona, trekta, changarawe, maji ya mtungi. Daktari alisikiliza hadi mwisho, na aliyoyasema baadaye sikuyatunga ili kukutisha. Ndivyo anavyosema mtu aliyechoka kuona jambo lile lile.

"Jumanne ungesema gari, jioni hiyo hiyo angekuwa Meru. Tungeitoa hiyo bandama. Mtu anaishi bila bandama. Leo angekuwa ameketi hapa anakunywa uji. Nenda sasa kwa mtu wa mafaili."

Lydiah alikuwa na karatasi ya kifo mezani. Safari hii hakutumia Kiembu.

"Nataka kuandika V03," alisema. "Nimetaka tangu Alhamisi. Lakini kwenye faili kuna kidole chako kinachosema mti, na wodini ulirudia kuniambia hivyo hivyo. Mkuu wa hospitali amesema ninahitaji mtu mmoja mwingine aliyeona, aje aandike jina lake. Mmoja tu. Karatasi nitaishika hadi Jumatano."

"Na asipopatikana?"

"Atakuwa ameanguka mtini. Polisi hawatafungua kesi ya mtu aliyeanguka mtini. Bima ya gari haitawajua watoto wake. Na barabara ile, kwa vitabu vyetu, haijamgusa mtu."

Kagure alitembea siku mbili. Kirimi, aliyeahidi kusema kwa kinywa chake, alikuwa haonekani. Watu ishirini walikuwa barabarani Jumanne ile, na alikwenda kwa kila mmoja. Wa kwanza alisema alikuwa ameinama akifunga bunda. Wa pili alisema jua lilimpiga machoni. Wa tatu, shemasi, alimkaribisha chai, akaomba naye, kisha akamwuliza, "Mama Bundi, na miraa yangu itabebwa na nani?" Mwanamke mmoja alimwambia kutoka ndani ya nyumba kwamba hayupo.

Jumanne jioni alibakiwa na mtu mmoja. Alimkuta Kinya jikoni, amekaa mbele ya moto uliozimika.

"Mama, twende kesho hospitalini. Useme ulichoona. Neno moja tu."

"Niliona nini?"

"Mama! Ulikuwa umepiga magoti damuni!"

"Nilikuwa shambani," Kinya alisema. "Nilisikia mwanangu ameanguka mtini."

"Riungu ni mwanao."

"Alikuwa. Nilizaa watoto wa kiume wawili. Mmoja naenda kumzika Ijumaa. Unataka nikupe wa pili umpeleke jela, nibaki na nani? Na wewe? Wewe utarudi kwenu Embu, uolewe." Aliinua macho, nayo yalikuwa makavu. "Tena nani alimwambia daktari ni mti? Ni mimi? Barabarani tulisema sote, lakini hospitalini ulisema peke yako. Mara ngapi? Mara mbili. Mwanangu aliuawa na kinywa chako. Ondoka jikoni kwangu."

Jumatano ilipita. Lydiah alingoja hadi saa kumi na moja jioni, akaangalia mlango, akaandika namba ya mti.

Ijumaa walimzika. Mzee Mbaabu alinunua jeneza zuri, akasoma Maandiko kwa sauti nzito, akamsifu marehemu kama mchumaji hodari aliyekufa kazini. Watu walilia kwa kweli. Kisha, udongo ukiwa bado mbichi, Mbaabu aliinua mkono.

"Limebaki jambo moja. Mti ulioua mtu hauwezi kuachwa umesimama hapa, watoto wakaendelea kuupanda. Ni ule pale, nadhani?"

Alionyesha mti mkubwa karibu na ua, mti wa babu yake Riungu, wenye shina la kukumbatiwa na watu wawili. Ndio uliokuwa ukitoa miraa bora ya boma lile. Karo za watoto zilitoka kwenye matawi yake.

Kagure alifungua kinywa. Kusema "si huo" ilikuwa kukubali kwamba kuna mwingine. Kusema "hakuna mti" ilikuwa kuwaita waongo watu mia mbili waliokuja kumliwaza, na shahidi hakuwa naye hata mmoja. Aliwatafuta wale ishirini kwa macho. Wote walikuwepo. Kila mmoja alijua, na kila mmoja aliutazama ule mti kama mtu anavyomtazama mwizi aliyekamatwa.

"Ndugu wa marehemu ndiye aanze," Mbaabu alisema, akampa Kirimi shoka.

Kirimi alilishika. Alisimama mbele ya shina, na kwa muda watu walidhani atasema. Mama yake alimwita kwa jina, mara moja, kwa sauti ya chini. Akainua shoka, akapiga.

Ilichukua saa mbili. Mti wa zamani una mbao ngumu, na wanaume walipokezana. Kagure alisimama karibu na kaburi hadi ulipoanguka, na ulipoanguka aliona wanawake wakikimbilia matawi kuchuma vichipukizi kabla havijanyauka, kwa kuwa pikapu ilikuwa imeegeshwa barabarani, na ilikuwa haijaondoka.

FUNZO

Wapendwa wa Tigania, wa Imenti, wa Embu na wa Mbeere, msiseme hadithi hii ni ya watu wabaya. Mbaabu aliliogopea gari lake, majirani waliiogopea miraa yao, Kinya alimwogopea mwanawe, na Kagure aliwaogopa wote hao. Kila mmoja alikuwa na sababu ambayo mimi na wewe tungeielewa. Sababu hizo zilipokutana zilimuua mtu.

Mgonjwa wako akigongwa, sema amegongwa. Sema kabla hujaketi, sema kwa mtu wa kwanza mwenye kalamu. Daktari hutibu anachoambiwa, naye hana jicho la kuona kona uliyoiona wewe. Mambo ya kupatana kati ya familia na familia yana siku yake, na siku hiyo si ile ambayo damu inamwagika ndani. Na kama ulikuwa barabarani ukaona, nenda ukaandike jina lako, hata kama mabunda yako yatakauka. Miraa huchipua tena baada ya wiki chache.

Mwisho, jueni hili. Wahandisi wa barabara walifika mwaka uliofuata kutafuta mahali pa kuweka matuta. Waliomba namba za hospitali. Kwa kona ile namba zilionyesha kwamba hakuna mtembea kwa miguu aliyewahi kugongwa hapo, ila watu wa huko huanguka sana kutoka mitini. Matuta yakapelekwa kwingine. Kona iko vile vile, na honi inalia kila siku kabla ya saa sita.